Uwanja Ni wa Nani?

Wapendwa wasomaji, wanamageuzi na waumini wa madhehebu yote mlioko Thika, Ruiru na viunga vyake,

Hakuna neno la Kiswahili lililochezewa na wakubwa wa nchi hii kama neno uwanja. Asubuhi huufungua uwanja kwa utepe na makasi. Mchana hupanda jukwaa uwanjani na kuahidi mbingu. Na giza likiisha kuingia, uwanja ule ule hugawanywa kwa barua za siri, ukapewa namba, ukapewa mwenyewe, ukazungushiwa mabati. Kulipopambazuka watoto waliokuja na mpira wao wa makaratasi na kamba wakakuta bawabu na mbwa. Basi na tuuchunguze uwanja huu, kwa maana mtu akishakunyang'anya jambo, hatua yake ya pili ni kukunyang'anya neno lenyewe, usiwe hata na la kudaia.

MAANA YA NENO

Uwanja, kwa asili yake, ni pale palipo wazi mbele ya nyumba au katikati ya makao ya watu: pamefagiliwa, hapana kisiki wala kichaka. Hapo ndipo mtoto anapojifunzia kutembea na kucheza. Nafaka huanikwa hapo. Mgeni hupokewa hapo kabla hajaingia ndani. Ngoma huchezwa hapo. Na penye ugomvi, wazee huketi hapo wakaamua. Wagikuyu, ambao ndio wenyeji wengi wa miji yetu hii, huita kĩhaaro pale pa ngoma na michezo. Jina ni tofauti, maana ni moja: ni mahali ambapo mtu hafanyi jambo pasipo kuonekana.

Kutokana na maana hiyo ya kwanza neno likasafiri. Tukapata uwanja wa mpira na uwanja wa michezo. Tukapata uwanja wa ndege, uwanja wa maonyesho ya kilimo, na, Mungu atuepushe, uwanja wa vita. Kisha neno likapanda kutoka mavumbini likaingia katika fikra: twasema nyanja za elimu, nyanja za uchumi, uwanja wa siasa. Lugha nyingine humpa kila mchezo na kila shughuli neno lake. Kiswahili kimeridhika na moja. Wala si kwa umaskini. Kiswahili kinatufundisha kwamba mambo haya yote yana sharti moja: penye uwanja pana nafasi, pana mwanga, pana watu wa kushuhudia, na kila aingiaye anafuata kanuni ile ile.

Sharti hilo ndilo chanzo cha uadui tunaousimulia hapa. Mtawala anayependa kutenda gizani hawezi kupatana na mahali palipo wazi.

KUTOKA UWANJA HADI PLOTI

Tazameni sarufi yenyewe inavyotuonya. Kiambishi ki- aghalabu hudogosha: mlango ukawa kilango, mji ukawa kijiji. Uwanja nao ukawa kiwanja. Ndugu zetu wa Tanzania wakisema kiwanja, mara nyingi humaanisha kipande cha ardhi cha kujengea, chenye mipaka na mwenyewe. Sisi Wakenya tumekwenda hatua moja zaidi, tukaacha hata kiwanja, tukasema ploti. Kwa hatua hizo tatu yametajwa yote yaliyotupata tangu uhuru: uwanja ulikuwa wa wote, kiwanja kikawa cha mmoja, na ploti ikawa ya kuuzwa.

Hakuna mahali panapoonyesha jambo hili wazi kuliko Ruiru. Nchi hii ilikuwa ya kahawa. Mashamba makubwa yalitanda kutoka Ruiru hadi ng'ambo ya Juja, na hata leo kituo cha utafiti wa kahawa kiko katika mji huo. Kahawa iliposhuka thamani na Nairobi ilipofurika, mashamba yakakatwa. Sensa ya mwaka 2009 ilihesabu katika mji wa Ruiru watu 238,858. Sensa ya 2019 ikahesabu 490,120. Katika miaka 10 tu mji umekua zaidi ya maradufu, na kati ya sensa hizo mbili ikafunguliwa, mwaka 2012, barabara kuu ya Thika yenye kuwafikisha watu hao kazini. Mji wa Thika, wenye viwanda na mananasi yake, nao ukapita watu 250,000. Sasa ulizeni: watu walipoongezeka maradufu, je, viwanja vya watoto wao viliongezeka maradufu? Kila msomaji ajibu kwa macho yake mwenyewe, akitembea Jumamosi jioni kutoka Githurai hadi Kimbo, au kutoka Makongeni hadi Kiandutu.

Na tufanye hesabu kidogo, kwa kuwa mnyakuzi naye ni mtu wa hesabu. Uwanja kamili wa kandanda, wa mita 105 kwa mita 68, una mita za mraba 7,140. Ploti ya kawaida ya kwetu, ile ya futi 50 kwa futi 100, ina takriban mita za mraba 465. Gawanyeni. Uwanja mmoja ni ploti 15. Mtoto akisimama ukingoni huona magoli mawili. Mchungaji huona mahali pa mkutano wa injili. Mama wa soko huona mahali pa kupumzika. Mnyakuzi akisimama pale pale huona ploti 15, na kila ploti huiona na ghorofa zake. Ndiyo sababu uwanja hauko salama hata siku moja kwa sababu tu upo. Uko salama pale tu ambapo wapo watu wanaojua mipaka yake na wanaoweza kuitetea.

MUHURI WA MFALME

Baadhi yenu mtasema: hayo ni maneno ya wapinzani. La hasha! Ni maneno ya serikali yenyewe. Mwaka 2003 Rais Mwai Kibaki aliteua tume ya kuchunguza ugawaji haramu wa ardhi ya umma, chini ya wakili Paul Ndung'u. Ripoti yake ikatoka mwaka 2004. Tume hiyo ilieleza jinsi ardhi iliyotengewa shule, hospitali, masoko, misitu, makaburi na viwanja vya michezo ilivyogawiwa watu binafsi, wengi wao wakiwa wakubwa na marafiki wa wakubwa, hasa karibu na nyakati za uchaguzi. Unyakuzi haukuwa wizi wa vibaka waliovunja dirisha usiku. Ulikuwa na karatasi, ulikuwa na saini, ulikuwa na muhuri.

Msomaji wa Biblia hatashangaa. Ahabu alipolitamani shamba la mizabibu la Nabothi, Yezebeli hakutuma majambazi. Aliandika barua kwa jina la mfalme, akaipiga muhuri wa mfalme, akawatuma wazee na wakuu wa mji wafanye kazi yake, na mashahidi wa uongo wakapatikana. Kila hatua ilifuata utaratibu, na mwisho wa utaratibu huo Nabothi alikuwa maiti. Kisha, asemavyo mwandishi wa Wafalme, Ahabu akashuka kulimiliki shamba; akamkuta Eliya amesimama hapo hapo. Kanisa lijiulize: siku mabati yanapozungushwa katika uwanja wa shule, Eliya wetu yuko wapi? Yuko shambani, au yuko kwenye karamu ya Ahabu akibariki chakula?

Tarehe 19 Januari 2015, watoto wa Shule ya Msingi ya Lang'ata Road, Nairobi, walirudi kutoka likizo wakakuta ukuta umejengwa katika uwanja wao. Waliusukuma ukuta ule pamoja na wanaharakati, na polisi wakawatupia watoto hao gesi ya kutoa machozi. Dunia nzima ikaona picha. Uwanja ukarudi kwa shule, na viongozi wakaomba radhi. Lakini tusijidanganye: uwanja ule ulirudi kwa sababu ulikuwa mjini Nairobi, karibu na kamera. Ni viwanja vingapi vya mitaa ya ndani, Thika na Ruiru, vinavyoweza kumezwa pasipo kamera hata moja?

Habari njema ni kwamba sheria sasa iko upande wetu kuliko wakati wowote. Katiba ya mwaka 2010, katika Kifungu cha 40, inasema wazi kwamba ulinzi wa mali hauihusu mali iliyopatikana kinyume cha sheria. Na tarehe 21 Aprili 2023 Mahakama ya Juu ilitoa hukumu katika kesi ya kampuni ya Dina Management dhidi ya Serikali ya Kaunti ya Mombasa. Shauri lilihusu kipande cha ardhi cha pwani kilichokuwa kimetengwa kuwa mahali pa wazi, kikagawiwa mwaka 1989, kisha kikauzwa mkono kwa mkono. Mnunuzi wa mwisho alijitetea kwamba alinunua kwa nia njema na hati anayo. Mahakama ikamjibu kwamba hati isiyokuwa na mzizi halali haiwezi kuzaa haki. Wanamageuzi, shikeni neno hilo mzizi. Mtu akiwatolea hatimiliki ya uwanja, msiulize tu karatasi ni ya rangi gani. Ulizeni uwanja ule uliacha kuwa wa umma siku gani, kwa amri ya nani, na wananchi waliulizwa lini.

UWANJA NA MDOMO

Sasa tugeukie maana ya pili, kwa kuwa hazitengani. Anayeogopa watoto wacheze hapo kesho ataogopa watu wazima wanene hapo.

Chini ya chama kimoja, Sheria ya Utulivu wa Umma, iliyorithiwa kutoka kwa mkoloni, ilitaka kila mkutano wa hadhara upate leseni. Leseni ilitolewa na mtumishi wa serikali ile ile iliyotakiwa kukosolewa. Mwaka 1990, Kenneth Matiba na Charles Rubia walipodai vyama vingi na kuitisha mkutano katika uwanja wa Kamukunji tarehe 7 Julai, leseni ilikataliwa, na siku 3 kabla ya mkutano wakatiwa kizuizini. Watu walikwenda hata hivyo. Wakapigwa, wakapigwa risasi, wengi wakafa. Na machafuko yakavuka Nairobi hadi miji ya mkoa wa Kati. Tarehe 16 Novemba 1991 uwanja huo huo ukafungwa tena, na viongozi wa FORD wakakamatwa. Mwezi uliofuata Kifungu cha 2A kikafutwa na vyama vingi vikarudi. Angalieni lilivyokuwa: vita vyote vile, kabla havijawa vita vya kura, vilikuwa vita vya kukanyaga uwanja.

Lugha haikusahau. Leo mwanafunzi wa chuo kikuu akisema kuna kamukunji, hamaanishi kwenda Nairobi. Anamaanisha mkutano wa kujadili mambo yao. Jina la uwanja uliofungwa limekuwa jina la mkutano wowote ulio huru. Watawala waliweza kuufunga uwanja kwa malori ya polisi. Neno likapita kati ya magurudumu.

Ndipo ukaja msemo wa uwanja sawa. Uchaguzi wa Desemba 1992 ulifanyika huku redio ya taifa ikiimba wimbo mmoja, machifu wakiwa mawakala wa chama, na wapinzani wakinyimwa leseni katika wilaya nyingi. Daniel arap Moi alishinda kwa takriban asilimia 36 ya kura, wapinzani wakiwa wamegawanyika. Ilipofika Aprili 1997, wanamageuzi walikutana Limuru, humu humu kwetu Kiambu, wakasema wazi: bila mageuzi hakuna uchaguzi. Serikali iliwacheka, na tarehe 7 Julai mwaka huo polisi wakawaandama watu hadi ndani ya Kanisa Kuu la All Saints, Nairobi, wakawapiga penye viti vya ibada. Mchungaji Timothy Njoya alipigwa siku hiyo hadi karibu na kufa. Miezi michache baadaye, kwa mapatano ya vyama bungeni, leseni ikaondolewa. Tangu hapo anayeitisha mkutano hutoa taarifa tu kwa polisi, siku 3 hadi 14 kabla, haombi ruhusa. Na Katiba ya 2010, katika Kifungu cha 37, ikaweka muhuri: kila mtu ana haki ya kukusanyika, kuandamana na kuwasilisha malalamiko, kwa amani na bila silaha.

Je, sheria hiyo imeheshimiwa? Tanzania jirani, mikutano ya hadhara ya vyama ilizuiwa kutoka 2016 hadi Januari 2023, ingawa sheria ya vyama vingi ilikuwapo muda wote. Kwetu Kenya hatukupiga marufuku kwa maneno. Tarehe 25 Juni 2024, siku vijana walipoupinga Mswada wa Fedha, milio ya risasi ilisikika usiku Githurai, mlangoni mwa Ruiru. Tarehe 7 Julai 2025, miaka 35 kamili baada ya Kamukunji, polisi walifunga barabara za kuingia Nairobi, na abiria wa barabara ya Thika wakaachwa watembee kwa miguu. Mwaka huo huo ukaletwa bungeni mswada wa kuzuia mikusanyiko ndani ya mita 100 kutoka Bunge, Ikulu na mahakama. Yaani haki ya kuzungumza na mtawala unayo, alimradi asikusikie.

Hapa ndipo maana zetu mbili zinapokutana. Wakubwa husikitika kwamba vijana wanaandamana barabarani na kuzuia magari. Husikitika pia kwamba watoto wanacheza mpira barabarani na kugongwa. Hawajiulizi swali moja linalojibu yote mawili: uwanja wao uko wapi? Watu ulioubomoa uwanja wao watakwenda barabarani, kwa kuwa barabara ndiyo pahali pekee pa wazi palipobaki. Serikali iliyouza uwanja isishangae ikikuta raia wake wamesimama katikati ya lami.

WANAOTUPINGA WASEMAVYO

Wako wanaotucheka kwa msemo wa zamani, kwamba mcheza ngoma asiyejua husingizia uwanja. Wanasema: mlishindwa uchaguzi, mkalaumu uwanja. Msemo ni wa kweli, nasi hatuukatai. Lakini una sharti lake: lazima wote wacheze katika uwanja ule ule. Mcheza ngoma aliyefungwa miguu, huku mwenzake akipigiwa ngoma na mwamuzi, hasingizii; anashuhudia. Hatudai uwanja uinamie upande wetu. Tunadai usawazishwe, tukishindwa hapo tushindwe kwa haki, na tuwape mkono walioshinda.

Wengine, tena watu wema, husema: uwanja hauliwi, watu wanahitaji nyumba, kazi na maji, na ploti ndiyo maendeleo. Ndugu hawa tuwajibu kwa heshima. Ni kweli watu wanahitaji nyumba. Lakini nyumba zilizojengwa juu ya uwanja wa umma hazikugawiwa wasio na nyumba. Wa Kiandutu hakupewa hata moja. Zilikwenda kwa wenye nyumba tayari. Na mji usio na mahali pa wazi haupunguzi gharama. Huzihamishia kwingine: hospitalini, kituo cha polisi, na kaburini, ambako vijana wasio na pa kukaa hupelekwa na pombe haramu iliyojaza vichochoro vyetu. Atakayesema uwanja hauliwi amtazame kijana aliyeacha kucheza akaanza kunywa, kisha arudie maneno yake.

Na wako wanaosema: uwanja tunao, umeshafunguliwa rasmi. Hawa tuwe nao macho. Kiswahili kina neno jingine linalofanana na hili, nalo ni wanja, ule weusi wa kupaka machoni. Kila uchaguzi unapokaribia, uwanja hupakwa wanja: rangi mpya ya lango, bamba la jina la mheshimiwa, picha katika magazeti. Uchaguzi ukiisha wanja hutiririka kwa mvua ya kwanza. Uwanja wa michezo wa Thika mjini, ambapo Thika United ilikuwa ikicheza ilipokuwa katika Ligi Kuu ya Kenya, haukuhitaji sherehe. Ulihitaji nyasi, maji na mtunzaji. Wahenga walisema fahali wawili wakipigana ziumiazo nyasi. Sisi ndio nyasi, na uwanja wenyewe sasa hauna nyasi.

NENO KWA KANISA

Wapendwa waumini, kanisa lina deni na lina heshima katika habari hii. Heshima yake ni hii: mwezi Machi 1992, akina mama wa wafungwa wa kisiasa, pamoja na Wangari Maathai, walipopigwa na kufukuzwa katika bustani ya Uhuru Park, walipokewa katika Kanisa la All Saints, na kanisa likawahifadhi kwa karibu mwaka mzima. Bustani yenyewe ilikuwa imeokolewa kwa sauti ya huyo huyo Maathai, aliyepinga mwaka 1989 jengo la ghorofa 60 lililokusudiwa kusimama hapo. Uwanja ulipofungwa, ua wa kanisa ukawa uwanja.

Deni lake ni hili: ua ule ule umeachwa mara nyingi uwe jukwaa la mwenye fedha. Aingie na maburungutu ya noti, apewe kipaza sauti, aseme asemayo mbele ya madhabahu, na kijana asiye na kitu asimame nje ya lango. Huo si uwanja, ni soko. Kwa hiyo tuliwapongeza maaskofu wa Kianglikana mwaka 2021 walipowakataza wanasiasa mimbari, na tulimpongeza Askofu Mkuu Philip Anyolo mnamo Novemba 2024 alipoagiza mchango wa Rais kwa kanisa la Soweto, Nairobi, urudishwe kwa mwenyewe.

Tena tukumbuke alichokiona nabii Zekaria alipotabiri mji uliorudishiwa neema. Hakutaja kwanza minara wala ngome. Aliona wazee wameketi na mikongojo yao, na njia za mji zimejaa watoto wa kiume na wa kike wakicheza. Kwa nabii huyo, mchezo wa watoto ndio ushahidi kwamba mji umepona. Kwa kipimo hicho, Thika imepona? Ruiru imepona?

TUFANYE NINI

Hatuandiki ili mkunje karatasi na kulala. Kwanza, kila wadi iandike orodha ya viwanja vyake vya umma: vya shule, vya kaunti, na vile vilivyoachwa na kampuni za kuuza mashamba kwa matumizi ya wote. Jumuiya ndogo ndogo, Umoja wa Akina Mama na vikundi vya vijana wanaweza kuikamilisha orodha hiyo katika mwezi mmoja, kwa kuwa wazee wanaokumbuka mipaka bado wako hai. Wakiisha kuzikwa, mipaka itazikwa nao.

Pili, orodha hiyo ipelekwe kwa Serikali ya Kaunti ya Kiambu na kwa Tume ya Kitaifa ya Ardhi, kwa barua, nakala ikabaki kwenu. Kifungu cha 62 cha Katiba kinasema ardhi ya umma ya aina hii inashikiliwa na kaunti kwa amana ya wakazi. Amana! Mwenye amana huulizwa hesabu. Na Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya mwaka 2016 inawapa haki ya kuuliza kila kipande kina hati gani na kwa jina la nani.

Tatu, kila shule ya umma iwe na hatimiliki yake. Shule isiyo na hati ni Nabothi anayesubiri barua.

Nne, mtakapotaka kukutana, toeni taarifa, msiombe ruhusa. Anayewaomba barua ya kibali amerudi mwaka 1990, msimfuate huko.

Tano, makanisa yafungue viwanja vyao kwa watoto wa mtaa pasipo kuuliza dhehebu, na kwa midahalo ya vyama vyote kwa masharti sawa, au visifunguliwe kwa chama chochote. Hatuwezi kudai uwanja sawa kwa serikali huku wetu umeinama.

Wasomaji wapendwa, neno hili ni letu. Lilikuwa la bibi zetu waliofagia mbele ya nyumba kabla ya jua, ili yeyote atakayepita aone kwamba hapa pana watu. Wakifika na mabati, wakuteni mmesimama hapo, na orodha mkononi. Mapambano yaendelee.